Mizabibu ya Kiitaliano kwenye pwani ya California: dalili, chanzo na la kufanya

Shamba dogo la familia kwenye pwani ya kati ya California, tuseme kati ya Monterey na Santa Barbara, linaishi kwa amri ya Pasifiki. Maji ya mkondo wa California ni baridi mwaka mzima. Kiangazi, bara likishapata joto, hewa ya bahari huvutwa ndani kupitia mabonde; ukungu unaingia usiku na kuondoka saa nne au saa tano asubuhi. Hali hiyo inazipa zabibu muda mrefu wa kuiva na inazitunzia asidi. Pia inachelewesha kila kitu, na shida nyingi huanzia hapo.

Haya yameandikwa kwa mwenye ekari chache za Nebbiolo, Barbera, Dolcetto, Sangiovese au Vermentino, anayevuna, kukamua na kuchachusha mwenyewe akisaidiwa na mke, shemeji na watoto waliokubali. Maelekezo mengi yanayopatikana huko yaliandikwa kwa kufikiria Chardonnay, Pinot Noir na Cabernet Sauvignon. Ukiyafuata neno kwa neno kwa aina za Kiitaliano utanunua dawa ambazo hazina kazi. Kwa hiyo kwa kila dalili, jiulize kwanza: hii ni aina gani ya zabibu, na imeota sehemu gani ya shamba? Tunaanzia shambani, maana harufu mbaya ya Novemba ndani ya tangi aghalabu chanzo chake ni kitu kilichofanyika au kilichosahauliwa Julai.

Majani tele, vichala hakuna

Shina lina afya, matawi yamepanda hadi waya wa juu, lakini ukihesabu vichala unapata viwili vitatu kwa mzabibu mzima. Kama ni Nebbiolo, angalia namna ulivyopogoa. Macho mawili au matatu ya mwanzo wa tawi, yale yaliyo karibu na shina, kwa kawaida hayazai. Mashamba mengi ya California hupogolewa kwa kuacha visiki vifupi vyenye macho mawili juu ya mkono wa kudumu, kwa sababu ni kazi nyepesi na hata mashine inaiweza. Cabernet haina neno na mtindo huo. Ukiufanya kwenye Nebbiolo, macho yanayozaa yote umeyakata na kuyaacha chini katikati ya mistari. Huko Piemonte, Italia, nyumbani kwa Nebbiolo, huacha tawi refu la mwaka uliopita lenye macho manane, kumi au zaidi, wakalilaza na kulifunga kwenye waya. Fanya hivyo hivyo.

Kama ulikuwa tayari unaacha matawi marefu na bado vichala ni haba, rudi nyuma mwaka mmoja. Vichala vya msimu huu vilianza kuumbwa ndani ya jicho msimu uliopita, karibu na wakati wa maua. Masika yaliyojaa ukungu, au majani yaliyosongamana hadi jua lisifike kwenye macho, hupunguza uzao wa mwaka unaofuata. Ziko maabara zinazopasua macho wakati wa baridi na kuhesabu vichala vilivyomo chini ya hadubini. Kwa shamba ambalo halieleweki, gharama hiyo inalipa, kwa sababu unajua uache macho mangapi kabla hujashika mkasi.

Msomaji aliyezoea Dodoma, ambako mizabibu hupogolewa na kuvunwa mara mbili kwa mwaka, aelewe uzito wa jambo hili: huku mkasi unapita mara moja, wakati mzabibu umelala, na aliyekosea anasubiri mwaka mzima. Pogoa mwishoni mwa Februari au Machi ukiweza. Majeraha ya Desemba na Januari hukutana na mvua, na kuvu wanaoozesha shina huingilia humo. Tena kupogoa kwa kuchelewa kunachelewesha kuchipua, jambo jema kwa Nebbiolo ambayo ina haraka ya kuchipua na uvivu wa kuiva.

Vichala vina punje kubwa chache na vipunje vingi vya kijani

Maua yalifunguka kwenye baridi. Joto likiwa chini ya nyuzi 15 hivi, chavua haifanyi kazi yake sawasawa. Kama hali ya hewa ilikuwa nzuri na bado imetokea, pima vikonyo vya majani maabara uone zinki na boroni. Kilichokwisha kupotea hakirudi. Dawa ya majani hupigwa msimu ujao kabla ya maua.

Unga mweupe kwenye majani na punje

Huu ni ubwiri unga, na ndio adui mkubwa wa pwani. Watu huulaumu ukungu wa bahari kwa unyevu wake, lakini kuvu huyu hahitaji majani yaliyolowa. Anachopenda ni kivuli na joto la wastani, nyuzi 21 hadi 30 hivi. Katika mabonde ya ndani jua la mchana hupita nyuzi 35 na kumdhoofisha. Pwani hakuna siku kama hizo, au ni chache mno, kwa hiyo anastawi Mei hadi Agosti bila kusumbuliwa. Kipimo kinachotumika sana California, kilichotengenezwa na watafiti wa Chuo Kikuu cha California kilichoko Davis, kinaanza kuhesabu hatari pale zinapopatikana siku tatu mfululizo zenye saa sita au zaidi zisizokatika za joto la nyuzi 21 hadi 29 hivi.

Hakikisha kwanza si mabaki ya dawa. Pitisha kidole: unga wa kuvu unatoka na chini yake utaona utando wa kahawia kama kovu. Mabaki ya dawa hayaachi kovu. Punje changa ndizo zinazoshambuliwa. Wiki tatu au nne baada ya kushika, ngozi yake hukomaa na kuwa ngumu kuambukizwa. Maana yake ulinzi wako wote uwe kuanzia kabla ya maua hadi hapo, na usibahatishe raundi hata moja. Ondoa majani yanayofunika vichala upande wa jua la asubuhi. Upande wa jioni acha kivuli, hasa kwa Nebbiolo, kwa sababu wimbi la joto likija punje zake huungua.

Salfa bado ni dawa ya bei nafuu na inafanya kazi, kila baada ya siku saba hadi kumi na nne. Ina masharti mawili. Usiipige siku ya joto kali wala karibu na siku uliyopiga mafuta, kwani wiki mbili lazima zipite kati yake, la sivyo unachoma majani. La pili linasahaulika zaidi: acha salfa kama wiki tano kabla ya kuvuna. Mabaki yanayoingia ndani ya tangi hugeuzwa na hamira kuwa harufu ya yai viza, nawe utaanza kulaumu hamira isiyo na hatia.

Majani yanakauka pembeni au yanakuwa mekundu

Hapa ndipo watu wanapopoteza pesa nyingi, kwa sababu magonjwa manne tofauti yanafanana kwa mbali. Usitazame jani moja. Tembea shamba zima ukiwa na ramani na alama, kisha tazama ramani.

Kama kuungua kumeenea kwa usawa kwenye mistari mizima, kumezidi bondeni au mahali maji yanapotuama, na kumeanza na majani ya chini yaliyozeeka, shuku chumvi. Mzabibu huanza kupungukiwa na mavuno chumvi ya udongo ikipita desisimensi 1.5 kwa mita. Karibu na Castroville, mdomoni mwa bonde la Salinas, maji ya bahari yameingia kwenye visima kwa miongo mingi kutokana na kusukuma maji kupita kiasi. Pima maji ya kisima kabla ya kupima kitu kingine chochote. Vermentino, iliyozoea pwani za Liguria na Sardinia, inavumilia upepo wenye chumvi, lakini chumvi kwenye mizizi ni habari nyingine.

Kama mizabibu iliyougua imetawanyika, na wagonjwa wengi wako ukingoni karibu na kijito chenye vichaka, huenda ni ugonjwa wa Pierce. Bakteria wake, Xylella fastidiosa, huziba mishipa ya maji. Jani linakauka kwa mikanda kutoka ukingoni kwenda ndani, kisha linadondoka na kuacha kikonyo kimesimama peke yake kwenye tawi. Tawi nalo halikomai sawasawa: kahawia hapa, vipande vya kijani pale. Alama hizo mbili zikipatikana pamoja, shaka ni ndogo, ila peleka sampuli maabara. Mdudu anayeueneza pwani ni mfyonza utomvu mwenye rangi ya buluu na kijani anayeishi kando ya mito. Baridi kali ya majira ya baridi huwaua bakteria hawa sehemu nyingine za dunia. Pwani haina baridi ya namna hiyo. Hakuna dawa ya kuponya. Ng'oa mgonjwa, na eneo la kijito usilipande tena. Shamba la Bonny Doon kwenye milima ya Santa Cruz, mali ya Randall Grahm, liliangamizwa na ugonjwa huu miaka ya 1990, kwa hiyo usijidanganye kwamba utaishi nao.

Yaliyobaki ni virusi viwili. Majani ya vuli yenye wekundu kati ya mishipa, mishipa yenyewe ikabaki ya kijani, kingo zikajikunja kwenda chini: hiyo ni virusi ya kukunja majani. Mabaka mekundu yasiyo na mpangilio, na hata mishipa imekuwa myekundu, huku jani halikujikunja: shuku virusi ya mabaka mekundu, iliyotambuliwa katika miaka ya mwanzo ya 2010. Zote mbili hazikaushi mzabibu. Zinazuia sukari kupanda. Barbera inayogoma kuiva miaka mitatu mfululizo ilhali jirani yake inaiva, ipime virusi hata kama majani hayakutishi. Vermentino na aina nyingine nyeupe hazioneshi wekundu kabisa, hivyo kwao jicho halitoshi.

Virusi ya kukunja majani husambazwa na vidung'ata, na vidung'ata hao hulindwa na sisimizi wa Argentina waliojaa pwani nzima, kwa kuwa wanakula majimaji matamu wanayotoa. Dhibiti sisimizi kwa chambo kwanza, ndipo nyigu wadogo wa jenasi ya Anagyrus wapate nafasi ya kutaga ndani ya vidung'ata. Ni ndugu wa nyigu aliyeletwa Afrika kutoka Amerika Kusini kupambana na vidung'ata wa muhogo, na wakulima wa muhogo wanajua kazi aliyoifanya.

Sukari imefika, lakini zabibu bado kali mdomoni

Barbera yenye sukari ya Brix 24 (Brix ni kipimo cha sukari ndani ya juisi) na asidi ya gramu 9 kwa lita haina ugonjwa. Usiku wa baridi huzuia asidi ya maliki isiungue, na Barbera kwa asili ina asidi nyingi na tanini kidogo. Mabadiliko ya maliki kuwa laktiki, asidi iliyo pole zaidi, yanayofanywa na bakteria baada ya kuchacha yatakupunguzia ukali, tena bila kununua kemikali. Maoni yangu ni kwamba Barbera ya pwani iliyolainishwa kwa kabonati hadi ikawa pole imepoteza sababu ya kupandwa hapo.

Sangiovese ikiwa kali na nyembamba, chanzo huwa kingine: mzigo umezidi. Vichala vyake ni vikubwa, na ukungu hauipi nguvu ya kuivisha vyote. Punguza vichala rangi inapoanza kubadilika, uondoe vile vilivyobaki nyuma.

Kinyume chake hutokea kwenye mawimbi ya joto, kama lile lililoipiga California mwishoni mwa Agosti na mwanzoni mwa Septemba 2022. Sukari inapanda Brix mbili tatu kwa siku chache na kila mtu anakimbilia makasi. Kabla hujakimbia, pasua punje. Mbegu ikiwa bado kijani na ngozi imenywea, kilichopanda ni ukavu; maji yametoka, kuiva hakujafika. Mwagilia na ungoje ukungu urudi.

Kuchacha kumesimama katikati

Brix imekaa pale pale siku mbili. Pima joto ndani ya machicha yaliyoelea juu, usipime majimaji ya chini peke yake. Juu ya nyuzi 35 hamira inakufa, na juu ya machicha kunaweza kuwa na joto kali kuliko unavyodhani. Kwenye viwanda vya familia vya pwani, hata hivyo, kosa la kawaida ni la upande mwingine: milango ya banda imeachwa wazi jioni, upepo wa bahari umeingia, na asubuhi tangi dogo limeshuka chini ya nyuzi 15. Dawa yake ni kufunga mlango na kulipasha joto taratibu.

Kama joto ni sawa, tafuta kipimo cha nitrojeni cha siku ya kukamua. Chini ya miligramu 150 kwa lita, hamira ilianza safari na njaa. Kuongeza chakula kunafaa kabla ya nusu ya sukari kuliwa. Baada ya hapo kilevi kimeshapanda, hamira haikichukui, na unakuwa umewaandalia karamu bakteria waharibifu. Aliyechelewa aanze upya: aoteshe hamira ngeni imara inayovumilia kilevi ndani ya ndoo, aizoeshe kwa kuiongezea mvinyo uliokwama kidogo kidogo, kisha amimine. Usitupe hamira kavu moja kwa moja kwenye tangi lenye asilimia 13 ya kilevi. Itakufa siku hiyo hiyo.

Harufu ya yai viza

Ikija wakati wa kuchacha, sababu ni mbili kuu: njaa ya nitrojeni, au salfa ya shambani iliyotajwa hapo juu. Angalia shajara ya kupiga dawa. Ipe hamira chakula na hewa, yaani mwaga mvinyo kwenye beseni uruke ruke kabla ya kuurudisha. Dolcetto ina tabia hii kuliko ndugu zake. Itoe juu ya mashapo mapema na uipe hewa hata kama hujasikia kitu.

Ikija au ikibaki baada ya kuchacha, chukua bilauri mbili za mvinyo huo huo. Moja tia tone la maji ya salfeti ya shaba, koroga, nusa zote mbili. Usinywe. Harufu ikitoweka, shaba itasaidia. Pima kiasi kidogo zaidi kinachofaa, kwa sababu sheria ya Marekani hairuhusu shaba inayobaki ipite miligramu 0.5 kwa lita. Isipotoweka, harufu imeshageuka kuwa misombo ambayo shaba peke yake haiishiki, na inabidi kutia vitamini C kwanza. Kufika huko ni kwa sababu mvinyo ulilala juu ya mashapo yake bila kukaguliwa.

Siki, rangi ya kucha, zizi

Harufu ya siki au ya rangi ya kucha ni kazi ya bakteria wanaohitaji hewa. Pipa halikujaziwa, au machicha yaliachwa yakauke juu huku inzi wadogo wakicheza. Mipaka ya asidi ya siki katika sheria ya shirikisho ya Marekani ni gramu 1.4 kwa lita kwa mvinyo mwekundu na 1.2 kwa mweupe. Ulioharibika haurudi, unachoweza ni kuuzuia usiendelee, na kuutenga usiambukize mapipa mengine.

Harufu ya zizi la farasi ni ya hamira nyingine, Brettanomyces, inayojificha kwenye mbao za mapipa ya zamani. Familia nyingi hununua mapipa yaliyotumika ili kubana matumizi, na humo ndimo inamoletwa. Kinga ni dioksidi ya salfa, ila kiasi kinategemea pH, kipimo cha ukali wa asidi ambacho namba yake hupanda asidi inapopungua. Kupata kinga ile ile ya miligramu 0.8 ya sehemu inayofanya kazi, pH 3.2 inahitaji kama miligramu 21 kwa lita zilizo huru, pH 3.5 kama 40, na pH 3.8 kama 80. Anayetia kipimo kimoja kwa Barbera na Dolcetto, ambayo asidi yake ni ndogo, ameilinda Barbera na kuiacha Dolcetto uchi.

Nebbiolo imetoka na rangi hafifu

Ndivyo ilivyo. Usiongeze kitu.

Chupa zinatoa gesi, au kuna fuwele chini

Fuwele za mvinyo mweupe ni chumvi ya asidi ya tartari, hazina madhara. Mwaka ujao weka Vermentino kwenye baridi karibu na kuganda kwa wiki kadhaa kabla ya kuijaza chupani. Gesi ni jambo zito. Ama sukari ilibaki, ama mabadiliko ya maliki yalimalizikia ndani ya chupa. Hili huipata Barbera, kwa sababu pH yake ya chini na ghala la baridi huwasimamisha bakteria hadi joto lirudi. Kabla ya kujaza chupa pima sukari na maliki maabara. "Naona imemalizika" si kipimo.

Ladha ya majivu

Agosti 2020 radi ziliwasha moto sehemu nyingi za California, na moshi ulikaa juu ya mashamba ya Monterey na Santa Cruz kwa wiki kadhaa. Maabara zilizidiwa na sampuli, majibu yakafika zabibu zikiwa zimeshapitiliza. Misombo ya moshi hujifunga kwenye sukari ndani ya punje, kwa hiyo zabibu yenyewe inaweza kuwa tamu na safi mdomoni. Majivu hutokea baada ya kuchacha, tena mwishoni mwa funda.

Mara moshi unapotua shambani, vuna ndoo moja kutoka kila kipande na uichachushe jikoni. Siku saba hadi kumi zinatosha kukuambia. Toa taarifa kwa wakala wa bima ya mazao kabla hujavuna, si baada. Ndoo ikiwa na majivu hafifu, kamua polepole bila kulaza juisi na ngozi, utengeneze mvinyo wa waridi, kwa kuwa misombo mingi imo kwenye ngozi. Nebbiolo inayohitaji wiki tatu juu ya ngozi zake ndiyo inayopata hasara kubwa zaidi. Ikiwa na majivu mazito, acha zabibu kwenye mzabibu, uokoe gharama za wavunaji na mapipa.